Kisima Ndani ya Simu

Lodwar
Jumapili, 14 Oktoba 2012

Kwa kaka yangu Morgan,

Akiru sasa hivi amemlisha nyoka uji. Nyoka wa mchezo, yule wa kwenye simu. Amechovya kidole kwenye kikombe, akapaka kioo chote, akamwambia, "Kula, usife." Nimefuta kwa leso lakini namba tano bado inanata. Ukiona doa kwenye karatasi hii, hizo ni salamu za mpwa wako.

Wewe je, joto la Kakuma linakuachaje? Sisi tuko na afya, Mungu ametuweka. Baba Akiru bado yuko Lokitaung na kazi za ofisi ya elimu. Walimwambia wiki mbili, sasa ni mwezi wa pili. Mama ametuma salamu kutoka Kimilili kupitia mwalimu mmoja aliyehamishiwa huku. Anasema mwaka huu mahindi yamekubali na magoti yamekataa.

Unajiuliza kwa nini naandika badala ya kupiga. Ile simu uliyoninunulia sokoni Kitale ilikuwa feki, ndugu yangu. Serikali ilipozima simu feki mwisho wa mwezi wa tisa, yangu pia ikaenda. Asubuhi nimeamka hakuna mtandao, nikazunguka nayo nyumba nzima mkono juu. Bilha, yule fundi wa nguo jirani yangu, akacheka mpaka akakaa chini. "Mama Akiru, shusha mkono! Hiyo imezikwa na wenzake." Lakini kumbe michezo haikuzimwa. Nyoka yupo, matofali yapo. Mtoto akilala mchana ndiyo raha yangu. Nimefika hatua ya tisa, mimi niliyeachia darasa la saba!

Shida ni kwamba mchezo ni uleule kila siku. Wewe unayekaa na kompyuta, huwezi kunipatia mwingine usiotaka mtandao? Na unieleze kazi yako ni nini hasa. Mama akiniuliza namwambia unachora. Ananiuliza, "Mtu mzima anachora nini?"

Jibu mpe Cheruiyot, dereva wa lori la unga. Anafika Kakuma kila baada ya wiki mbili na hafungui barua za watu.

Ni mimi dada yako mdogo,
Nekesa


Kakuma
2 Novemba 2012

Dada Nekesa,

Barua imefika na uji wake. Pole kwa simu. Yule muuzaji wa Kitale aliniapia kwa jina la mamake, nami nikaamini kwa sababu alikuwa na risiti.

Mimi sijambo. Vumbi la wiki hii limetufanya wote tufanane rangi. Nakaa palepale, nafanya kazi kwenye duka la Céline, yule mama Mkongo ndani ya kambi ya wakimbizi. Tunachora mabango, kadi za harusi, fulana za mpira. Mwambie Mama hivi: programu ya kuchora kwenye kompyuta ni kama cherehani ya Bilha. Inashona vizuri, lakini haitoboi matundu ya vifungo. Kuna kidude unachofunga kwenye cherehani ili ifanye hiyo kazi ambayo haikuzaliwa nayo. Mimi natengeneza vidude kama hivyo, lakini kwa kuandika. Kinaitwa plagini. Cha kwanza kilikuwa cha kadi za harusi: zamani niliandika jina la kila mgeni kwa mkono, sasa nabonyeza mara moja, kadi mia tatu zinatoka na majina yake.

Cha pili ndicho zawadi yako. Nachora picha ya nchi kavu, plagini inaikata vipande vidogo na kuigeuza kuwa mchezo wa simu. Fungua kikaratasi cha peremende humu ndani, taratibu, kuna memori kadi. Mchezo unaitwa Mbuzi Saba. Una mbuzi saba, unawapeleka kutoka kisima hadi kisima kabla jua halijavuka kioo. Hauhitaji mtandao wala laini.

Céline amenigombeza. "Weye Morgan, batu banakuya kutafuta bango, weye uko unafuga mbuzi mu kompyuta!" Lakini jana nimemkuta anawanywesha.

Kaka yako,
Morgan


Lodwar
Jumapili, 25 Novemba 2012

Kaka Morgan,

Akiru amekataa kulala mpaka mbuzi wote wanywe, na amenikasirikia mimi kwa yule wa saba aliyekufa. Baba yake alikuja siku tatu, akarudi Lokitaung. Mama bado magoti.

Sasa sikiliza habari ya mchezo wako. Unamjua Nakeno, yule mwanamke Mturkana anayeniletea maziwa kila asubuhi? Ndiye aliyemwita mtoto Akiru, kwa kuwa alizaliwa siku mvua ilinyesha. Alikaa hapo mlangoni, kibuyu chini, nikampa simu. Alicheza kidogo, akaniangalia kama mtu aliyeonja chai ya chumvi.

"Huyu ndugu yako nani alimfunza kisima?"

"Amebuni tu."

"Maji haikai hapo. Mbuzi yake itakufa, na yeye pia. Maji iko pale laga inapinda, upande ya ile mti iko na kivuli ndogo."

Hakuishia hapo. Jumatano alitupeleka mimi na mtoto kwa kisima cha babake, huko ndani ya laga, ule mto mkavu wa mchanga, upande wa kwenda Lokichar. Tulitoka alfajiri tukafika jua liko juu. Morgan, sijawahi kuona kitu kama kile. Ni shimo ndani ya mchanga, limekwenda chini urefu wa wanawake wanne waliosimama mmoja juu ya mabega ya mwenzake. Wanasimama kwenye ngazi walizochimba ukutani, wanapokezana debe huku wanaimba, na mama yake Nakeno ndiye anayesimama chini kabisa, maji magotini. Akiru akachungulia, patipati yake moja ikavuka mguuni ikadondoka. Debe lililofuata likapanda na patipati inaelea. Walicheka! Tangu siku hiyo kisima kinaitwa Patipati. Hata mzee, babake Nakeno, anakiita hivyo.

Nakeno alinieleza taratibu yao. Kisima ni cha aliyekichimba na watoto wake. Mpita njia anakunywa, hakatazwi, lakini anaomba kwanza. Na njia ya kufika huko haiambiwi mtu ambaye hajaomba.

Tuliporudi nilichora kwenye daftari. Visima vitano na majina yake, mahali laga inapopinda, na mwendo wa kutoka kimoja hadi kingine. Nimekuwekea pia daraja, kanisa la misheni na ule mlima wenye vichwa viwili, ili usipotee. Nakeno alikuwa ananiangalia.

"Hii ni ya mbuzi ya simu tu?"

"Ya simu tu."

"Basi andika."

Nimenakili vizuri nikakutumia humu. Tengeneza mchezo wenye visima vya kweli, tumfurahishe.

Dada yako,
Nekesa


Kakuma
6 Januari 2013

Dada yangu Nekesa,

Heri ya mwaka mpya kwako na kwa Akiru. Sikukuu nilikula kwa Céline, sombe ya majani ya muhogo na samaki, nikakosa tu kelele zenu.

Mchoro wako! Ulisema uliacha darasa la saba? Dada, umechora kama mtu aliyekalia wingu. Nimekaa nao wiki tatu kwa sababu umenipa wazo. Nimetengeneza plagini mpya, nimeiita Nyoosha. Unaipa mchoro wowote wa mkono, hata uliopinda. Unaionyesha alama tatu zinazojulikana, kwa mfano daraja, kanisa na mlima. Mchoro unajivuta wenyewe, unajinyoosha, unakaa juu ya ramani ya kweli kama ngozi juu ya ngoma. Visima vyako vimeangukia ndani ya laga, kila kimoja. Niliogopa kidogo, halafu nikacheka peke yangu.

Mchezo mpya wa Mbuzi Saba uko kwenye memori kadi. Hatua ya tano ndiyo Patipati, na nimeweka patipati nyekundu inayoelea. Mwonyeshe Nakeno.

Na kuna neno lingine, usimwambie Mama bado. Injinia mmoja wa kampuni inayotengeneza barabara za watu wa mafuta upande wa Lokichar alikuja kuchukua mabango. Aliona Nyoosha kwenye kompyuta yangu, akavuta kiti, akakaa saa nzima. Anasema kazini kwao wana michoro ya mkono kabati zima na hakuna wa kuinyoosha. Amechukua plagini. Amesema huenda wataniita kazi ya kudumu. Nekesa, mimi! Tuombee.

Morgan


Lodwar
Jumapili, 3 Februari 2013

Kaka Morgan,

Mungu ni mwema. Nimekuombea wewe na kazi hiyo mpaka Akiru amejifunza kusema "injinia". Anasema "njinja". Mtoto ameota jino la nyuma, homa ilikuwa siku mbili, sasa anakula kila kitu pamoja na chaki ya Bilha.

Mchezo umependwa kuliko unavyojua. Wanawake wanakuja kwa Bilha kushona, wanaishia kunywesha mbuzi. Nakeno alipoona patipati yako nyekundu alijipiga paja. Alimpelekea mamake habari. Mamake akauliza kama mbuzi wa simu wanakojoa.

Lakini nataka kukuuliza kitu. Wiki iliyopita Nakeno amekuta vigingi ndani ya laga. Vigingi vya mbao, vina kitambaa chekundu juu. Havikupigwa ovyo. Kimoja kiko pale inapopinda, kingine kisima cha pili, na vinaendelea hivyo mpaka kwa babake. Aliniuliza mimi, kwa kuwa mume wangu ni mtu wa serikali. "Mama Akiru, hii ni ya shule?" Nikamwambia nitauliza.

Basi nauliza. Ule mchoro wangu uko kwako peke yako?

Nijibu hilo moja tu, hata kama huna nafasi ya mengine.

Nekesa


Kakuma
17 Machi 2013

Dada Nekesa,

Usinihesabie siku. Uchaguzi ulifunga kila kitu, Céline alikuwa na mabango ya wagombea mpaka kwenye choo, tulilala dukani. Tumshukuru Mungu umepita salama. Baba Akiru amerudi kutoka Lokitaung? Jino la mtoto limemaliza?

Nimekuwekea mchezo mwingine kabisa. Huu hauna mbuzi. Ni wa kupanga vyungu, vinaanguka kutoka juu, unavipanga kwa rangi. Ukifika hatua ya kumi vyungu vinakuja viwili viwili, usiogope, shikilia namba nne. Ukifika ya ishirini kuna chungu cheusi, hicho usikiguse kabisa, kiache kipite. Nadhani utaupenda zaidi ya ule wa kwanza. Afadhali hata uufute ule wa mbuzi, unajaza kadi.

Injinia ameniita mara mbili. Wana ofisi ya mabati yenye kipoza hewa, mtu anavaa sweta Turkana!

Uliuliza habari ya vigingi. Siku hizi vigingi viko kila mahali, huku kwetu pia vipo.

Lile daftari ulilochoria bado unalo? Lichome. Si kwa sababu yoyote.

Morgan


Lodwar
Jumapili, 7 Aprili 2013

Morgan,

Akiru yuko mgongoni kwangu ndiyo maana mwandiko unaruka. Mume wangu bado yuko Lokitaung. Mama sijasikia. Tumekwisha salimiana.

Barua yako nimeisoma mara nyingi. Niliuliza swali moja, ukanijibu vyungu. Halafu unaniambia nichome daftari, si kwa sababu yoyote. Daftari sijalichoma. Liko chini ya godoro, na kila nikilala naliona.

Nikusimulie. Jumatatu ya Pasaka lori la tangi liliingia ndani ya laga, na gari dogo mbele yake. Akashuka kijana mwenye karatasi kubwa. Alimkuta mama yake Nakeno anawanywesha mbuzi, akamsalimia vizuri tu, "Ejok, mama," akaangalia karatasi yake akauliza, "Patipati ndiyo hii?"

Unajua yule mama alifanya nini? Alicheka. Alifurahi, Morgan. Alidhani ni ndugu yangu, au mtu niliyemtuma, kwa maana nani mwingine anajua jina hilo? Aliona ameomba, kwa kuwa ametaja jina. Alimshika mkono akampeleka mpaka ukingoni, akampa maji ya kunywa ya kwanza, kama wanavyompa mgeni.

Baadaye wakashusha mpira wa pampu.

Sasa malori yanakuja matatu kwa siku. Maji yanamwagwa barabarani ili vumbi lisiwasumbue wenye magari. Maji ya kisima yameshuka, wanawake wamechimba ngazi mbili zaidi kwenda chini, na mbuzi wanangoja tangu asubuhi mpaka jua linageuka. Wameanza kuanguka. Mzee ameenda ofisini hapa mjini mara mbili, ameambiwa angoje.

Jana Nakeno alileta maziwa nusu kibuyu. Akaniuliza, "Hawa wanajua aje?"

Nikasema, "Sijui."

Hakuchukua simu kucheza. Alimfunga Akiru kamba ya kiatu akaenda.

Sijawahi kumdanganya, na sasa nimemdanganya. Morgan, wewe ni kaka yangu, uliacha kula ili mimi nivae sare ya shule hata kama sikuimaliza. Niambie ukweli nijue nimebeba nini.

Nekesa


Kakuma
24 Aprili 2013

Nekesa,

Nilianza barua hii mara nne. Salamu kwa mtoto.

Sikumuuzia mtu mchoro wako. Sikumpa hata kwa mdomo. Ilikuwa hivi. Plagini ikikamilika unaweka ndani yake faili la mfano, ili atakayeitumia afungue ajifunze: bonyeza hapa, alama tatu ziko hapa, ona mchoro unavyonyooka. Kila mtengenezaji anafanya hivyo. Mchoro niliokuwa nao ni wako. Ulikuwa mzuri, ulikuwa umenyooka sawasawa, nikauweka. Niliusahau humo. Injinia alipochukua Nyoosha alichukua vyote. Akafungua mfano, akaona visima vitano vyenye majina na mwendo, juu ya ramani ya kweli, mahali penyewe wanapotafuta maji.

Nilijua mwezi wa pili. Aliniita akanishika bega mbele ya watu akasema, "Huyu ametuokolea miezi." Nilinyamaza. Nilikuwa nimevaa sweta yao.

Nimemwomba aondoe. Anasema ramani imeshachapishwa, iko ndani ya kila gari, na maji ya laga si ya mtu. Nimemwambia ni ya mtu. Akanijibu nimwonyeshe karatasi.

Sikai kimya tena. Ijumaa tarehe 10 Mei gari lake linakwenda huko nami nitakuwa ndani. Nitamfikisha kwa mzee, nitasema mbele ya wote kwamba kosa ni langu, na mzee atamweleza mwenyewe. Akimwona mtu uso kwa uso huenda moyo ukarudi. Wewe usiseme lolote mpaka nifike. Nakuomba, kwa ajili ya mtoto.

Kaka yako,
Morgan


Lodwar
Alhamisi, 9 Mei 2013

Kaka yangu,

Barua yako ya tarehe 24 imefika leo asubuhi. Laga ilijaa, magari yalikaa ng'ambo siku kumi, Cheruiyot amekuja nayo imelowa. Anageuza saa tisa kurudi Kakuma, barua hii ataichukua hapa mezani, ameniapia atakutafuta kabla hujapanda gari kesho. Nimekupigia kwa simu ya Bilha tangu asubuhi, hupatikani. Kwa hiyo soma hili kwanza: USIJE.

Sasa nieleze. Mvua ilinyesha juu huko, sisi tukashangilia. Lakini pampu ilikuwa imevuta maji ya chini siku nyingi, mchanga ukawa hauna cha kuushika. Ijumaa iliyopita wanawake walishuka kama kawaida, na mama yake Nakeno akasimama chini kabisa. Ukuta ulimwangukia. Nakeno alikuwa wa tatu juu, alimshika mkono, akawa anausikia mkono huo unavyokaza, halafu unavyoacha. Walimtoa kwa mabakuli na kwa vidole. Alipumua mpaka Jumapili. Jumatatu wamemzika.

Nimeandika hayo na mkono wangu unaandika tu, mimi siko hapa.

Leo Nakeno amekuja bila kibuyu. Amenyolewa nywele. Alikaa palepale mlangoni anapokaa siku zote. Akiru akamkimbilia, akampakata, akampulizia shingoni mpaka mtoto akacheka. Kisha akaniuliza bila kuniangalia.

"Nani alichora?"

Morgan, uliniambia nisiseme. Nikasema, "Mimi. Kwa mkono wangu, hapo ulipokaa."

"Najua. Mimi niko nilikuangalia." Akamweka Akiru vizuri mapajani. "Nimeambia ndugu zangu ni yule wa Kakuma. Nimesema wewe hujui kitu."

"Kwa nini?"

"Wewe uko na mtoto."

Halafu akanieleza kwamba ndugu zake watatu wako pale laga inapopinda tangu jana. Yule kijana wa karatasi amewaambia injinia anakuja Ijumaa na mtu wa Kakuma. Hawatangoja useme kosa ni lako, kaka. Wameshaambiwa. Na nani amewaambia? Nakeno, kwa kunipenda mimi.

Nilitaka kuficha kichwa. Nikafikiri nikimbilie Lokitaung kwa baba Akiru, nikafikiri nipande na Cheruiyot nije kwako. Lakini nikiondoka, wewe ndiye unabaki na kosa lote, na nusu ni langu. Wewe uliusahau mchoro ndani ya faili, na mimi nilisema ni ya simu tu. Mimi ndiye niliyeahidi.

Basi nimemwomba Nakeno anipeleke kwa wazee leo. Wanakutana hapa karibu, nyuma ya misheni, na mzee babake yupo. Nitabeba daftari. Nitawaonyesha ukurasa wenyewe, wauone mwandiko, wajue ilianza kwa upendo na ikaharibika mikononi mwetu wawili. Nakeno alinikatalia. "Hujui wazee yetu." Nikamwambia mzee alinipa maji kwa mkono wake siku ile kisimani. Akasema, "Hiyo ilikuwa maji ya mke wake." Lakini ameenda kuwaita.

Naamini watanisikiliza. Mtu aliyechekea patipati ya mtoto hawezi kukosa masikio kabisa. Wakitaka mbuzi tutatafuta mbuzi, wakitaka nilie nao nitalia nao, tayari nalia. Wakiisha kunisikia watatuma mtu awatoe wale vijana pale laga. Mpaka upate neno kutoka kwangu kwa mwandiko huu, usikanyage barabara ya Lokichar, wala usimpe injinia jina lako lote.

Simu nimempa Bilha aiweke. Sikufuta Mbuzi Saba, mtoto atalia.

Akiru amelala kwa Bilha juu ya mabaki ya vitambaa, mdomo wazi, jasho kwenye pua. Nimemwangalia sana leo. Baba yake nimemwandikia pia, fupi.

Nakeno amerudi, ananiita hapo nje, "Mama Akiru, toka, wamefika." Namwambia anipe dakika nimalizie hili la mtoto. Nimemwomba Bilha, Akiru akiamka asimwambie nimesafiri, maana kwake kusafiri ni kama babake, mtu anakwenda na haonekani tena. Amwambie nimekwenda karibu tu, hapo nyuma ya misheni, na kabla uji haujapoa nitakuwa